Mbuga ni Nyasi, Si Seng'enge

Mwanafunzi wa shule ya msingi nchini Kenya anapotakiwa kuandika insha kuhusu siku njema, aghalabu huanza na jua. Jua la matlai huchomoza, miale yake hupenya dirishani, ndege hutumbuiza kwa nyimbo tamu na maua hutabasamu. Huo ndio mwanzo uliozoeleka, na mwalimu huutuza alama kwa kuwa umesheheni tamathali za usemi. Hata hivyo, msomaji akiuliza ndege hao ni wa aina gani, maua hayo yanaitwaje, na jua hilo linachomoza juu ya ardhi ya nani, insha haina jibu. Siku hiyo haina mahali. Yaweza kuwa ya Kisumu au ya Lamu. Yaweza pia kuwa imetoka katika kitabu cha picha kilichochapishwa ng'ambo, ambako Julai ndio mwezi wa joto na wanyama hucheza katika malisho yaliyojaa maua.

Makala haya yanashikilia kwamba kasoro hiyo si ya mtindo peke yake. Lugha isiyoweza kuitaja siku ya jua katika nyanda zake yenyewe hupata taabu kuzitetea nyanda hizo zinapouzwa, zinapolimwa na zinapozungushiwa waya. Mfano utakaotumiwa ni ule ulio karibu na macho ya kila mwanafunzi wa chuo kikuu anayesomea Nairobi: nyanda za Athi na Kapiti, ambazo huanzia ndani ya Mbuga ya Kitaifa ya Nairobi na kuenea kusini kupitia Kitengela na Isinya.

Siku ya Jua Katika Nyanda za Athi

Kenya haina kiangazi cha Ulaya. Ina kaskazi. Kati ya Januari na Machi, baada ya mvua za vuli kupita na kabla ya masika kuingia, anga ya nyanda za Athi huwa safi na jua huwa kali, ilhali mizizi ya nyasi bado ina unyevu wa kuitosha. Huu ndio wakati ambapo nyumbu huzaa. Ndama wa nyumbu husimama muda mfupi tu baada ya kuzaliwa, na siku hiyo hiyo huweza kukimbia ubavuni mwa mamaye. Asiyekimbia huliwa.

Asubuhi mapema mjusi hupanda juu ya jiwe kuota jua, kwa maana damu yake haina joto la kutosha kumwezesha kuwinda. Tumbusi hawaondoki mitini. Hungoja hadi ardhi ipate moto na hewa yenye joto ianze kupanda. Ndipo hutandaza mabawa na kuzunguka wakiinuliwa na hewa hiyo, bila ya kujichosha kwa kupigapiga mabawa. Kongoni mmoja husimama juu ya kichuguu na kutazama mbali huku wenzake wakila. Kwenye udongo mweusi wa mfinyanzi, migunga mifupi yenye vivimbe kwenye miiba huwa makao ya chungu, na upepo upitapo katika matundu ya vivimbe hivyo husikika mluzi. Wadudu wale waviringao tonge za mavi hufuata mstari ulionyooka wakilitumia jua kama dira. Adhuhuri inapofika, simba hulala kivulini, naye mbuni huyainua mabawa yake ili upepo uupoze mwili.

Pana utaratibu pia katika kula. Pundamilia, mwenye tumbo liwezalo kusaga mabua magumu, hutangulia kuzikata nyasi ndefu. Nyumbu huja nyuma yake na kula majani yaliyofunuliwa. Swala tomi huja mwisho kuchuma machipukizi laini yaliyo karibu na ardhi. Hakuna mmoja kati yao aliyekabidhiwa uwanda huo peke yake, na kila mmoja humwandalia mwenzake meza.

Fauka ya hayo, wageni wapo. Korongo weupe waliojenga viota Polandi na nchi jirani huvuka mlango wa Bosphorus, wakapita Misri na kufuata njia ya mashariki mwa Afrika. Mbayuwayu na yule ndege mdogo wa kifua cha manjano atikisaye mkia huja vilevile kutoka kaskazini. Ndege huyo aliyefuata miguu ya ng'ombe katika malisho ya Ulaya mwezi wa Juni ndiye afuataye miguu ya ng'ombe wa Wamaasai mwezi wa Januari, akidaka wadudu wanaoruka kutoka nyasini. Kwake yeye malisho ya kule na nyanda za huku ni nyumba moja yenye vyumba viwili. Chumba kimoja kikibomolewa, hasara huonekana katika vyote viwili.

Neno Lililopunguka

Lugha ya Kiswahili ina neno lililofaa kuubeba uhai huo wote, nalo ni mbuga. Kwa asili, mbuga ni uwanda mpana wenye nyasi. Hata wataalamu wa udongo walilichukua neno hili kutoka Tanganyika na kulitumia kwa maana ya bonde la udongo mweusi unaotuamisha maji wakati wa mvua na kupasuka nyufa wakati wa ukame, udongo ambao ni ndugu wa ule wa nyanda za Athi. Neno lilihusu ardhi na majani. Halikuhusu mpaka.

Katika matumizi ya leo nchini Kenya, neno hilo limepungua. Mbuga sasa ni mahali penye lango, tiketi na askari. Mtu husema amekwenda mbugani akimaanisha kwamba amelipa kiingilio. Eneo la nyasi lililo nje ya lango, hata likiwa na udongo ule ule, nyasi zile zile na pundamilia wale wale, haliitwi mbuga tena. Huitwa ploti. Katika matangazo ya mauzo huitwa ardhi tupu, tambarare, tayari kwa ujenzi, umbali mfupi kutoka barabara ya lami.

Matokeo ya upungufu huu husikika katika taarifa za habari. Mwezi wa Februari mwaka 2016 simba kadhaa walionekana katika mitaa iliyo karibu na mbuga ya Nairobi, na mwishoni mwa Machi mwaka huo huo simba dume aliyejulikana kwa jina la Mohawk alipigwa risasi akafa huko Isinya. Katika habari za aina hiyo kitenzi kinachopendwa ni kutoroka: simba wametoroka mbugani. Atorokaye ni mfungwa au mtumwa. Kitenzi hicho kinamhukumu mnyama kabla ya ushahidi kutolewa, kwa kuwa kinachukulia kwamba mahali pake halali ni ndani ya ukuta na kwamba nje yote ni mali ya wengine. Isinya imo katika nyanda zile zile ambazo nyumbu na pundamilia walizitumia kwa vizazi vingi, na simba huwafuata. Kwa kusema kweli, Mohawk alikuwa mbugani, kwa maana ya kale ya neno hilo.

Mpaka na Nyayo

Historia inathibitisha hoja hii. Mbuga ya Kitaifa ya Nairobi ilitangazwa rasmi mwaka 1946, ikiwa ya kwanza nchini. Ukubwa wake ni kilomita mraba 117 tu. Eneo dogo namna hiyo haliwezi kuwatosha wanyama wahamao, na wala halikukusudiwa kuwatosha. Upande wa kusini, ng'ambo ya mto Mbagathi, uliachwa wazi. Wakati wa ukame wanyama walikuja ndani kutafuta maji ya mito na mabwawa. Mvua iliponyesha walitoka kwenda kusini, ambako nyasi ni fupi na zina madini yanayofaa kwa wenye mimba na wanaonyonyesha. Sehemu iliyotangazwa kuwa hifadhi ilikuwa kisima, na malisho yenyewe yalikuwa nje.

Katika miaka ya 1970 nyumbu wa nyanda hizi walihesabiwa kwa makumi ya maelfu. Leo wamebaki wachache mno kulinganisha na hesabu ile. Hali si ya Athi pekee: uchunguzi wa takwimu za serikali uliochapishwa mwaka 2016 ulionyesha kuwa idadi ya wanyamapori katika maeneo ya malisho ya Kenya ilipungua kwa wastani wa asilimia 68 kuanzia mwaka 1977. Katika Kitengela, ranchi ya pamoja iligawanywa kwa watu binafsi katika miaka ya 1980. Viwanda vya kuuza bidhaa nje vilijengwa Athi River, wafanyakazi wakahitaji nyumba, nyumba zikahitaji ua, nao ua ukakata njia. Mwaka 2019 reli mpya iendayo Naivasha ilifunguliwa, ikipita juu ya mbuga kwa daraja la kilomita sita hivi. Treni hupita juu, na chini ya nguzo twiga huendelea kula. Picha hiyo imependwa na wapiga picha wengi, lakini haionyeshi kwamba hatari kubwa zaidi ni waya wa urefu wa kiuno uliozungushiwa vijishamba vya kusini, ambao haupigwi picha na mtu yeyote.

Mwenye Ng'ombe Naye Ana Neno

Hapa ndipo watetezi wengi wa wanyama hukosea. Huandika kana kwamba nyanda hizi zilikuwa bustani isiyo na watu, na kwamba binadamu alifika juzi kuiharibu. Sivyo. Jina la Nairobi lenyewe limetokana na maneno ya Kimaasai yanayohusu maji baridi, na wafugaji walichunga katika nyanda hizi kabla ya reli ya kwanza kufika. Ng'ombe wao walizifanya nyasi ziwe fupi, jambo ambalo huwafaa nyumbu na swala. Zaidi ya hayo, utafiti uliochapishwa katika jarida la Nature mwaka 2018 ulionyesha kuwa maboma ya wafugaji wa kale katika eneo la Narok yaliurutubisha udongo kwa samadi kiasi kwamba, miaka elfu moja na zaidi baadaye, mahali hapo pangali na nyasi bora kuliko pembeni mwake. Mfugaji si adui wa mbuga. Ni mmoja wa walioitengeneza.

Hata hivyo, mfugaji huyo ndiye anayelipa gharama. Usiku wa Juni mwaka 2012 simba walivamia zizi huko Kitengela wakaua mifugo, na kulipopambazuka simba sita waliuawa na wenyeji waliokasirika. Ni rahisi kwa mkazi wa ghorofa mjini kulaani tendo hilo, kwa sababu mbuzi waliokufa hawakuwa karo ya mtoto wake. Miaka hiyo hiyo mvulana wa huko huko Kitengela, Richard Turere, alibuni taa zinazomwekamweka kuzunguka zizi, simba wakadhani kuna mtu anayetembea na tochi, wakaondoka. Ubunifu huo ulimpa sifa duniani mwaka 2013. Mvulana yule alikuwa amekiri waziwazi kuwa aliwachukia simba. Aliwalinda ng'ombe wa babaye, na kwa kufanya hivyo akawalinda simba pia.

Mfano mwingine ni mpango ulioanzishwa mwaka 2000, ambapo familia za Kitengela zililipwa dola nne za Marekani kwa kila ekari kwa mwaka ili zisizungushe ua, zisilime na zisiuze. Malipo yalilingana na kalenda ya karo za shule, na familia nyingi zilijiunga. Fedha hizo zilikuwa kidogo zikilinganishwa na bei ya ploti. Lakini mpango wenyewe ulithibitisha kwamba wenyeji hawakukataa kukaa na pundamilia. Walichokataa ni kuwalisha bure kwa niaba ya taifa zima. Sheria ya wanyamapori ya mwaka 2013 ilipiga hatua kwa kutambua hifadhi za jamii na za watu binafsi na kwa kuweka fidia, ikiwamo shilingi milioni tano kwa aliyepoteza uhai. Kilichobaki ni fidia hizo kufika mikononi mwa wanaostahiki bila ya kuchelewa.

Wapo wasemao kuwa taifa lenye njaa ya nyumba na kazi haliwezi kutenga nyasi kwa ajili ya swala. Hoja hii haifai kupuuzwa, maana mwalimu au mfanyakazi wa kiwanda anayenunua robo ekari Kitengela hana nia mbaya. Anatafuta paa la watoto wake. Lakini hoja hiyo huchukulia kwamba pana njia mbili tu, jiji au hifadhi. Njia ya tatu ipo, nayo ndiyo ya zamani kuliko zote: malisho. Uwanda wenye ng'ombe wachache wanaohamishwa kwa utaratibu huweza kutoa nyama, maziwa, ada za utalii na njia ya nyumbu kwa wakati mmoja. Ranchi ya utafiti ya Kapiti, yenye takriban hekta 13,000, ina ng'ombe na wanyamapori katika nyasi zile zile. Nyumba zaweza kujengwa kwenda juu katika miji iliyopo. Nyasi haziwezi kujengwa kwenda juu.

Wajibu wa Wanafunzi wa Kiswahili

Swali litaulizwa: mwanafunzi wa isimu na fasihi anahusikaje na mambo ya nyumbu? Anahusika kwa kuwa maneno ndiyo kazi yake. Mwaka 2007 kamusi moja ya watoto nchini Uingereza iliondoa majina kadhaa ya mimea na wanyama wa mashambani ili kupata nafasi ya istilahi za tarakilishi. Mwaka 2015 kundi la waandishi, Margaret Atwood akiwa miongoni mwao, liliandika barua kulalamika. Wapo waliowacheka. Lakini nchi hiyo hiyo ilikuwa imekwisha kupoteza zaidi ya asilimia 90 ya malisho yake yenye maua tangu miaka ya 1930, na watoto wake walikuwa wakiondolewa hata majina ya kile kilichosalia. Kitu kisicho na jina hakina wakili.

Kiswahili kiko katika hatari ya aina nyingine. Majina yapo, lakini hayatumiki. Ni wanafunzi wangapi wa shahada ya Kiswahili wanaoweza kumtofautisha pofu na kongoni, au tai na tumbusi? Kila ndege ni ndege, kila mti ni mti, kila swala ni paa. Majina mengi ya nyasi, vipepeo na ndege wadogo hayamo katika kamusi sanifu ingawa yamo vinywani mwa Wamaasai, Wakamba, Wataita na Wamijikenda. Kazi ya kuyakusanya, kuyalinganisha na kupendekeza yaingizwe katika Kiswahili haihitaji ruzuku kubwa. Yahitaji daftari, mzee wa kuulizwa na mwanafunzi mwenye miguu. Vyama vya Kiswahili vya vyuo vikuu, ambavyo kila mwaka hupanga safari na makongamano, vingeweza kuifanya kazi hiyo kuwa sehemu ya shughuli zao.

Wanahabari nao wana deni. Kitenzi kutoroka kiachiwe wafungwa. Simba aliyeonekana Isinya aseme habari kwamba ameonekana Isinya. Kama ua umejengwa juu ya njia yake, hilo nalo litajwe. Walimu wa insha wana deni kubwa zaidi. Mtoto wa Kajiado aandikapo juu ya siku ya jua, asituzwe kwa jua la matlai lisilo na mahali. Atuzwe akimtaja mjusi juu ya jiwe, mluzi wa mgunga na vumbi la ndama wa nyumbu.

Wahenga walisema wapiganapo fahali wawili ziumiazo ni nyasi. Methali hii hutumiwa kila mara kuhusu wanasiasa na wananchi, hata watu wamesahau kwamba nyasi nazo ni nyasi. Katika nyanda za Athi fahali waliopigana ni jiji na hifadhi, kila mmoja akidai ardhi yote au kujitenga katika kipande chake. Zilizoumia ni zile nyasi za katikati, zisizo za mmoja wala za mwingine, ambazo juu yake mfugaji, nyumbu na ndege wa kutoka Ulaya walikuwa wakila pamoja jua likiwaka. Nyasi hizo bado hazijaisha. Kuzirudishia jina lake la haki, mbuga, hakutazuia tingatinga hata moja. Lakini kutamlazimu kila anayeuza, anayenunua na anayeidhinisha mipango kukiri kwamba ardhi aliyoiita tupu ilikuwa na wenyewe.